Wharram Percy, mahame ya Yorkshire: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Tangu nihamie Leeds nimewapeleka Wharram Percy ndugu, marafiki, na wageni wa wageni. Wengi hushuka kwenye gari wakitarajia kuta na minara, wakakuta malisho. Hapo ndipo maswali yanapoanza, na miaka yote hii yamekuwa karibu yale yale. Nimeyakusanya hapa pamoja na majibu yake, ili anayekwenda ajue anatazama nini, na asiyepata nafasi ya kwenda naye apate picha.

Wharram Percy ni mahali gani hasa?

Ni mahame. Kilikuwa kijiji cha wakulima, watu wakaishi humo karne kwa karne, kisha mnamo 1500 hivi kikabaki kitupu na hakikukaliwa tena kama kijiji. Kiko North Yorkshire, kaskazini mwa Uingereza, kwenye vilima viitwavyo Yorkshire Wolds, kusini mashariki mwa mji mdogo wa Malton. Vilima hivi ni vya mawe ya chaki, meupe, yanayonyonya mvua yote ikaenda chini. Juu huko maji ni ya shida. Ndiyo maana bonde lenye chemchemi kama hili lilikuwa na thamani, na ndiyo maana watu walijenga ukingoni mwake, kanisa na bwawa vikiwa chini, nyumba zikiwa juu.

Nikifika nitaona nini?

Jengo la zama za kati lililosimama ni moja tu: kanisa la Mtakatifu Martin, halina paa, na mnara wake umebaki nusu. Jirani yake kuna nyumba za wafanyakazi wa shamba zilizojengwa baadaye sana, katika karne ya 19, na bwawa ambalo wachimbuzi walilirudishia maji.

Yaliyobaki yako chini ya nyasi. Kila nyumba imeacha tuta la mstatili, la kufika kwenye kifundo cha mguu au goti. Katikati ya safu mbili za matuta hayo unatembea ndani ya mfereji mpana, ukidhani ni mkondo wa maji. Huo ndio mtaa wao. Ulizama kwa miguu ya watu, kwato za ng'ombe na magurudumu ya mikokoteni. Nyuma ya kila nyumba kuna kiwanja kirefu chembamba, nacho kina mpaka wake. Aliyezoea magofu ya Gede, yaliyosimama na milango yake na vidaka vyake, itabidi ayape macho muda yazoee. Wageni wangu wengi huona nyumba ya kwanza baada ya robo saa hivi, kisha wanaziona zote kwa mpigo.

Wakazi walikufa kwa tauni, sivyo?

Sivyo. Hili ndilo ninaloulizwa kuliko yote, na ndilo linaloniuma zaidi likijibiwa vibaya, kwa sababu ukisema "tauni" umewaondolea lawama watu wenye lawama.

Tauni kubwa iliingia Uingereza mwaka 1348, ikafika Yorkshire mwaka uliofuata. Iliua watu wengi mno nchini, na Wharram Percy haikusalimika. Lakini waliobaki waliendelea kulima. Kijiji kiliishi karibu miaka 150 baada ya tauni, yaani vizazi vitano au sita vilizaliwa, vikabatizwa na kuzikwa pale pale.

Tauni ilichokifanya ni kubadili hesabu. Watu wa kufanya kazi walipungua, kwa hiyo mkulima aliyekuwa amefungwa kwenye ardhi ya kabaila akaanza kuwa na thamani. Aliweza kudai ujira mkubwa, au kuhamia kijiji chenye udongo mzuri zaidi ambako kulikuwa na mashamba yasiyo na wenyewe. Serikali iliona hatari hiyo mapema. Mwaka 1351 ikatunga sheria ya kuzuia mishahara isipande juu ya kiwango cha kabla ya tauni. Haikusaidia sana. Wakati huohuo walaji wa nafaka walikuwa wamepungua, huku sufu ya Uingereza na vitambaa vyake vikiendelea kutafutwa na wafanyabiashara.

Sasa jiweke kwenye nafasi ya kabaila mwenye kilima cha chaki. Shamba la ngano au shayiri linataka watu wa kulima, kupalilia, kuvuna, kupura. Kondoo mia kadhaa wanataka mchungaji na mbwa. Kijiji chenye familia chache zilizobaki, kila moja na vipande vyake vya shamba vilivyochanganyika na vya jirani, kinakuwa kizuizi katikati ya malisho. Familia ya Percy, iliyokipa kijiji nusu ya jina lake, iliwapa familia ya Hilton ardhi hii kwa kubadilishana mwaka 1402 au 1403. Ni chini ya akina Hilton ndipo wakazi wa mwisho walipoondolewa na nyumba zao kubomolewa.

Hapakuwa na sheria ya kuwalinda?

Ilikuwepo. Mwaka 1489, enzi za Mfalme Henry VII, bunge lilipitisha sheria ya kukataza kubomoa nyumba za wakulima. Mfalme alihofia kukosa walipa kodi na askari. Lakini waliopaswa kuisimamia wilayani walikuwa wenye ardhi wale wale, au jamaa zao.

Mwaka 1517 Kardinali Wolsey, waziri mkuu wa Mfalme Henry VIII, alituma tume izunguke nchini kuuliza ni wapi watu wamefukuzwa. Jibu la Wharram Percy ni fupi: nyumba nne zimebomolewa, plau nne zimesimamishwa. Ukisoma haraka utasema nne ni kidogo. Lakini hizo ndizo zilizokuwa zimebaki, na plau moja haikuwa chombo cha chuma tu. Ilikuwa kundi la ng'ombe wa kukokota, mtu wa kuwaongoza, mtu wa kushika mpini, na chakula cha nyumba nzima kwa mwaka. Hakuna karatasi inayotuambia familia hizo nne zilikwenda wapi.

Kijiji kilianza lini, na jina lake limetoka wapi?

Watu walilima bonde hili kabla Warumi hawajafika Uingereza, na mashamba ya zama za Warumi yamepatikana chini ya yale ya baadaye. Lakini kijiji chenye umbo tunaloliona, nyumba zikiwa zimepangwa kwa safu, kilipimwa na kugawanywa ama karne moja au mbili kabla ya Wanormani kutoka Ufaransa kuvamia mwaka 1066, ama baada yao. Wataalamu hawajakubaliana. Kijiji kimeandikwa katika Kitabu cha Domesday cha 1086, ile sensa ya mali ya Mfalme William. "Percy" ni jina la familia iliyokimiliki, likaongezwa ili kukitofautisha na jirani yake, Wharram-le-Street, ambacho kipo hadi leo na watu wake wazima.

Nyumba zao zilikuwaje?

Kwa hili naomba subira, maana ndilo jambo ninalopenda kulieleza.

Nyumba ya kawaida ilikuwa ndefu na nyembamba. Upande mmoja waliishi watu, wakikaa kuzunguka moto uliowashwa chini katikati ya sakafu. Katikati kulikuwa na upenyo wenye mlango kila upande. Na upande wa pili mara nyingi walilala ng'ombe. Paa liliezekwa kwa nyasi au mabua.

Wachimbuzi wa kwanza walipofukua walikuta misingi inayopandana: ukuta huu umekatiza ule, mwelekeo umebadilika, mstari mmoja juu ya mwingine. Wakahitimisha kwamba vilikuwa vibanda dhaifu, vya kubomoka na kujengwa upya kila kizazi. Maelezo hayo yalienea vitabuni kwa miaka mingi, na picha ya mkulima wa zama za kati ikawa ya mtu asiyejua kujenga.

Mwaka 1989 mwanaakiolojia Stuart Wrathmell aliyarudia matokeo yale yale akayasoma kwa namna nyingine. Aliyatazama mawe yaliyolazwa kwa jozi kandokando ya nyumba, akasema hayo ndiyo yaliyobeba boriti kubwa zilizopinda, zilizosimamishwa mbili mbili zikakutana kileleni na kushika paa lote. Ikiwa paa linashikwa na boriti, ukuta haubebi kitu. Unaweza kuuvunja kipande ukajenga kingine, ukausogeza, ukaubadilisha kutoka udongo kwenda jiwe, na nyumba ikabaki imesimama juu ya mbao zile zile kwa vizazi.

Mtu aliyekulia nyumba ya miti na udongo haelezwi zaidi ya hapo. Ukuta unakandikwa upya mvua kubwa zikipita, nguzo ni zile alizosimika babu. Mimi nilipolisoma jambo hili mara ya kwanza nilimkumbuka bibi yangu mzaa mama na mikono yake imejaa udongo. Wakulima wa Wharram Percy walikuwa na nyumba imara; sisi ndio tuliochelewa kuzielewa.

Na kuna sakafu. Baadhi ya sakafu za chaki zilikutwa zimebonyea katikati kama bakuli pana. Zilikuwa zimelika kwa ufagio. Kuna mtu alifagia pale asubuhi, akafagia kesho yake, akafagia mwaka baada ya mwaka hadi jiwe likaisha. Ndiyo maana pia vitu vilivyopatikana ndani ya nyumba ni vichache: taka zilizolewa nje, zikaenda shambani pamoja na samadi, na vigae vya vyungu hupatikana zaidi huko.

Waliishi kwa nini?

Ngano, shayiri, kondoo, ng'ombe, nguruwe na kuku. Mashamba yalikuwa makubwa ya pamoja, yamekatwa vipande virefu, kila familia ikiwa na vyake hapa na pale. Juu ya kazi yao walidaiwa siku za shokoa kwenye shamba la kabaila, na kanisa lilichukua fungu la kumi. Bondeni kulikuwa na kinu cha maji cha kusagia. Hawakuwa wamejitenga na dunia: mifupa ya samaki wa baharini imepatikana, na kufika pwani ni mwendo wa siku nzima; kuna vyungu vilivyotoka mbali, kuna sarafu, kuna kufuli na funguo. Mwenye kufuli ana kitu cha kufungia.

Nani aliyelichimbua eneo hili?

Maurice Beresford, mwalimu wa historia ya uchumi katika Chuo Kikuu cha Leeds, alifika hapa kwa mara ya kwanza mwaka 1948. Yeye hakuwa mchimbuzi. Alikuwa mtu wa hati na ramani, aliyegundua kwamba vijiji vilivyoandikwa kwenye daftari za kodi vilikuwa vimetoweka kwenye ramani za baadaye, na kwamba ukienda mahali penyewe kwa miguu utakuta matuta. Wanahistoria wenzake wengi hawakuamini kwamba vijiji vya namna hiyo vilikuwa vingi. Mwaka 1950 alianza kuchimba mitaro midogo ili kupata ushahidi.

Mwaka 1952 akajiunga naye John Hurst, mwanaakiolojia kijana wa serikali, na wawili hao hawakuachana. Kila Julai, kwa wiki kadhaa, mpaka 1990, walirudi na kundi la watu wa kujitolea: wanafunzi, walimu, watu wa kazi za kawaida walioacha likizo yao ya ufukweni. Kambi yao ilikuwa kwenye zile nyumba za karne ya 19. Walifuata njia iliyotumika Denmark, ya kufunua eneo zima la nyumba kwa pamoja badala ya kukata mitaro myembamba, na njia hiyo ikaenea Uingereza kote. Kabla yao akiolojia ya zama za kati ilikuwa ya ngome na nyumba za watawa. Hawa walitoa miaka 40 kwa watu walioishi na kufa bila kuandika hata mstari mmoja.

Ni kweli waliwakatakata maiti wakiogopa wafu kufufuka?

Mifupa ni ya kweli. Sababu ndiyo inayojadiliwa.

Katika miaka ya 1960, kwenye mashimo katikati ya nyumba na mbali na makaburi ya kanisa, ilipatikana mifupa ya binadamu. Mwaka 2017 wataalamu wa Historic England, taasisi ya serikali ya mambo ya kale, na wa Chuo Kikuu cha Southampton walichapisha uchunguzi wao. Vipande ni 137, vya watu wasiopungua 10, wake kwa waume, kuanzia mtoto wa miaka miwili hadi minne mpaka mtu aliyevuka 50. Walikufa nyakati tofauti kati ya karne ya 11 na ya 14. Mifupa ina alama za kisu, mingine imevunjwa, mingine imechomwa moto, na hayo yalifanyika wakiwa wameshakufa.

Watafiti walijiuliza kama ni njaa iliyowafanya wanakijiji kula nyama za wenzao. Lakini mkataji wa nyama hupita kwenye viungo na penye misuli mikubwa. Hapa alama zimekusanyika kichwani na shingoni. Wakajiuliza kama walikuwa wageni waliochukiwa. Wakapima strontiamu kwenye meno, ambayo huhifadhi alama ya udongo wa mahali mtoto alipokulia, wakakuta ni wenyeji. Lililobaki ni hofu ya maiti kuinuka na kuwadhuru walio hai. Hofu hiyo ilikuwepo Yorkshire kwa maandishi: William wa Newburgh, mtawa wa karne ya 12 aliyeishi si mbali na hapa, alisimulia habari za maiti waliotoka makaburini na jinsi walivyofukuliwa na kuchomwa.

Watafiti wenyewe walisema maelezo hayo ndiyo yanayolingana zaidi na ushahidi, hawakusema wamethibitisha. Magazeti ndiyo yaliyoruka na vichwa vya habari. Ninachowaomba wageni wangu ni kukumbuka kwamba wote hao 10 walikuwa watoto, wazazi na majirani wa mtu fulani pale pale kijijini, na aliyeshika kisu aliwajua kwa majina.

Makaburi ya kanisani yanasemaje?

Yanasema mengi zaidi, ingawa hayavutii magazeti. Karibu mifupa ya watu 700 ilifukuliwa kwenye uwanja wa kanisa, na ni mojawapo ya mikusanyo muhimu ya wakulima wa zama hizo. Kemia ya mifupa ya watoto inaonyesha walinyonya mpaka mwaka mmoja na nusu hivi. Ukuaji wao baadaye ulikuwa wa polepole kuliko wa watoto wa leo, dalili ya lishe finyu na maradhi. Na kuna mtu mzima wa karne ya 11 aliyepigwa kichwani kwa kitu butu, kisha mtu mwenye ujuzi akaikata ngozi, akaondoa vipande vya fuvu, na kidonda kikapona. Mkulima wa kawaida alipata tabibu wa namna hiyo.

Kwa nini kanisa lilibaki wakati kijiji kimekufa?

Kwa sababu lilikuwa la parokia yenye vijiji vitano: Wharram Percy, Thixendale, Raisthorpe, Burdale na Towthorpe. Wengine waliendelea kutembea hadi hapa kwa ibada na mazishi hata baada ya kijiji kuhamwa. Thixendale ikapata kanisa lake mwaka 1870, na idadi ikapungua zaidi. Ibada zilikoma mwaka 1949. Desemba 1959 sehemu ya mnara ikaanguka.

Ukiwa hapo tazama kuta za pembeni. Utaona matao yaliyozibwa kwa mawe. Watu walipoongezeka kanisa lilipanuliwa kwa kutoboa ukuta na kuongeza ubavu. Walipopungua ubavu ukabomolewa na matao yakazibwa. Historia yote ya idadi ya watu imo kwenye ukuta mmoja.

Uingereza ina mahame mengine?

Yanayojulikana ni takriban 3,000. Sababu hazifanani. Tilgarsley, huko Oxfordshire, kweli ilimalizwa na tauni: mwaka 1359 wakusanya kodi walieleza kwamba hakuna aliyeishi pale tangu 1350. Hound Tor, kwenye nyanda za Dartmoor, ina misingi ya mawe ya matale iliyo wazi, na inafaa kwa mtu asiye na subira na matuta. Gainsthorpe huko Lincolnshire ilipigwa picha kutoka angani mwaka 1925, na mpangilio wake wote ukaonekana. Imber huko Wiltshire wengi huitaja hapa, lakini hiyo ni habari nyingine. Watu wake waliondolewa na jeshi mwaka 1943.

Naweza kuokota kigae kama kumbukumbu?

Hapana. Eneo linalindwa kisheria, na kutumia kifaa cha kutafutia metali bila kibali ni kosa. Ukiona kigae kimefukuliwa na fuko, kitazame, kiache.

Nafikaje, na ni kiasi gani?

Kiingilio hakuna. Eneo liko chini ya English Heritage, shirika linalotunza maeneo ya kihistoria, na liko wazi mchana. Kituo cha treni kilicho karibu ni Malton, kwenye njia ya York kwenda Scarborough, lakini kutoka hapo utahitaji gari au baiskeli. Kutoka maegesho ni kiasi cha kilomita moja na ushee kwa miguu, njia inateremka na ina matope. Usije na viatu vya harusini. Hakuna choo wala duka. Mifugo hulishwa humo, kwa hiyo funga malango nyuma yako. Wapenda kutembea wanaweza kupitia njia ndefu ya Yorkshire Wolds Way, ambayo inapita hapa hapa.

Wakati gani ni mzuri wa kwenda?

Majira ya baridi au mwanzo wa machipuo, nyasi zikiwa fupi, na jua likiwa chini. Saa sita mchana uwanja wote huonekana tambarare. Subiri saa kumi jioni mwezi Februari, simama juu ya ukingo kanisa likiwa chini yako, ugeuke kutazama upande wa nyumba. Kivuli kinaanza kujaa kwenye kila mfereji, kuta zinainuka moja baada ya nyingine, na unaweza kuhesabu nyumba, kuona pengo la mlango, ukaingia ndani na kusimama mahali moto ulipokuwa.